Mdomo umekufa ganzi upande mmoja, na aliyening'oa jino ni shemeji yangu

Mwangaluka Mama,

Mimi ni baba wa watoto watatu, nina miaka 43, naishi Igoma hapa Mwanza. Kazi yangu ni kupuliza tarumbeta. Siyo la kanisani. Ni haya matarumbeta ya harusi, tunaopanda nyuma ya pikapu watu wanne watano na ngoma moja kubwa, tunatangulia gari la maharusi tukiamsha mtaa. Jumamosi mchana utatukuta Nyegezi, jioni tuko Buhongwa, Jumapili sendofu Pasiansi. Naanza na hilo ili uelewe kwamba mdomo wangu ndio jembe langu.

Wiki sita zilizopita gego la mwisho, chini kushoto, lilinivimbisha shavu hadi nikashindwa kulala. Sikuwa na hela na sina bima. Shemeji yangu, kaka yake mama watoto, anafanya kazi ya meno kwenye kliniki moja ya binafsi. Akaniambia njoo jioni wagonjwa wakiisha, nitakusaidia bila malipo. Nikaenda. Hakuna kadi iliyoandikwa, hakuna picha ya taya iliyopigwa. Sindano ya ganzi ya kwanza haikushika, akaongeza ya pili, na hiyo ya pili nilihisi kama umeme umenipiga kutoka kwenye taya hadi mdomoni. Niliruka kwenye kiti. Jino lenyewe likakatikia ndani, akachimba mizizi karibu saa nzima, jasho linamtoka kuliko mimi niliyelala.

Ganzi ya ulimi iliisha usiku ule ule. Ya mdomo haijaisha mpaka leo. Ni nusu ya mdomo wa chini, kushoto, na kidevu upande huo huo, kama mtu kachora mstari katikati. Nikigusa ni kama nimeazimwa mdomo wa mtu mwingine. Uji unanichuruzika nisijue, binti yangu mdogo ndiye ananifuta. Wiki iliyopita tulikula sato, nikainuka mezani, nikatoka nje, nikaongea na jirani muda mzuri tu, kumbe mwiba unaning'inia mdomoni. Jirani aliona aibu kuniambia. Mke wangu anasema uso haujapinda, na nikijitazama kwenye kioo ni kweli, mdomo unakwenda ninakotaka uende. Ila siusikii. Siku za karibuni kuna kitu kama sisimizi wanatembea kwenye kidevu, wanakuja wanapotea.

Nikipuliza, hewa inavuja upande wa kushoto. Wenzangu wameshaanza kuniangalia. Shemeji nilimwambia wiki ya pili, akasema itaisha yenyewe. Wiki ya nne nikamwambia tena, akanyamaza, na tangu siku hiyo simu zangu anapokea kwa shida.

Nisisahau, kuna siku kama kumi hivi zilizopita tulikuwa tunarudi kutoka harusi Sengerema. Tulipoingia kwenye daraja la Kigongo–Busisi mkono wangu wa kulia ukawa mzito ghafla, tarumbeta likanidondoka ndani ya pikapu. Nikataka kumwambia mwenzangu aliokote, maneno yakatoka yamevurugika. Walicheka sana, wakasema nimewapiga chenga nikanywa peke yangu, na mimi sinywi. Kabla hatujafika Usagara kila kitu kilikuwa kimerudi sawa. Nadhani ni ile ile dawa ya sindano inaenea mwilini.

Mama mkwe anasema nimepigwa upepo, yupo mzee anayemfahamu huko Magu, anaweza kuutoa. Mwenzangu wa bendi anasema wivu wa bendi nyingine. Mimi moyo wangu uko hospitali, lakini nikienda wataniuliza nani alining'oa jino na wapi. Nikimtaja shemeji atafukuzwa kazi, pengine atanyang'anywa na leseni. Huyu ndiye aliyelipa ada ya mwanangu wa kwanza mwaka mzima nilipokosa kazi. Mama watoto hajaniambia lolote waziwazi, ila juzi alisema, "Kaka yangu hana mwingine zaidi yetu."

Presha niliwahi kuambiwa ninayo, walinipima famasi ikawa 168 kwa 104. Nilimeza vidonge mwezi mmoja, nikajisikia vizuri, nikaacha. Baba yangu mzazi alianguka bafuni akapooza, alikaa miaka miwili kitandani.

Harusi tatu za mwezi wa kumi na mbili nimeshapokea kianzio. Niende hospitali nimwanike shemeji, au nivumilie mdomo urudi wenyewe?

Mpuliza Tarumbeta, Igoma

*

Mwangaluka, mwanangu.

Barua yako nilianza kuisoma asubuhi na kikombe cha chai mkononi. Nilipofika kwenye daraja nikakiweka chini. Sikungoja zamu ya safu hii, nilikupigia kwa ile namba uliyoandikia, tukazungumza dakika chache, ukaniahidi utakwenda hospitali "kesho, Mama." Kesho ile imepita na simu yako haipokelewi. Ulinikubalia barua ichapishwe, basi nakujibu hapa kwa urefu, kwa sababu kwenye simu nilikuhimiza tu bila kukueleza, na mtu mzima hahimizwi bila kuelezwa.

Umeniuliza jambo moja, lakini barua yako ina mambo mawili. La kwanza ni mdomo na shemeji, ambalo umeliandika kwa kirefu, hadi mwiba wa sato nikauona. La pili umelitia katikati kwa maneno "nisisahau," mistari michache, ukaendelea na habari za mama mkwe. Katika miaka yangu ya wodini nilijifunza kuyasikiliza sana maneno yanayoanza na "nisisahau." Mgonjwa anakueleza goti nusu saa, akishashika kitasa cha mlango ndipo anakuambia juzi alitapika damu.

Tuanze na upande. Jino lako lilikuwa kushoto. Mdomo uliokufa ganzi ni kushoto. Mkono uliodondosha tarumbeta ni wa kulia. Wewe umeyafunga yote kwenye furushi moja ukaliita sindano. Mimi nakuomba ulifungue. Dawa ya ganzi ya meno haikai mwilini wiki sita. Ndani ya saa chache imekwisha, mdomo kwa kawaida ni saa tatu hadi tano. Haina namna ya kulala taya la kushoto mwezi mzima halafu ikaamkia mkono wa kulia juu ya daraja. Na mshipa wa fahamu wa taya hauna ndugu mkononi. Kinachoweza kushika mkono wa kulia na maneno kwa wakati mmoja, ghafla, ni ubongo upande wa kushoto, kwa sababu ubongo wa kushoto ndio unaoamrisha mwili wa kulia, na kwa watu wengi ndiko yanakotengenezwa maneno.

Kwa hiyo yawezekana kabisa una shida mbili zisizojuana, zilizokutana kwa mtu mmoja ndani ya mwezi mmoja.

Niseme kwanza ile ninayoiogopa zaidi. Kuna kiharusi kinachokuja kikaondoka. Damu inaziba kwenye mshipa mdogo wa ubongo, sehemu inayonyimwa damu inanyamaza, halafu kizibo kinasogea au kinayeyuka, mambo yanarudi. Mara nyingi hayafiki saa moja. Mtu anashukuru Mungu, anasema ulikuwa uchovu. Kwa kuwa hakuna kilichobaki cha kuonyesha, hakuna anayemwamini, na mwenyewe hajiamini. Wenzako walicheka, na sikulaumu hata wewe ukicheka nao. Lakini anayepita hivyo yuko kwenye hatari ya kiharusi kamili, hatari ambayo ni kubwa kuliko zote katika siku mbili za mwanzo na inaendelea kuwa juu wiki kadhaa zinazofuata. Kwako siku mbili zimepita salama. Wiki hazijapita. Na una 168 kwa 104 uliyoiacha bila dawa, wakati kuanzia 140 kwa 90 tu, ikirudiwa kupimwa na kubaki hapo, tayari inaitwa presha ya juu. Na una baba aliyeanguka bafuni.

Sijasema ndicho. Yapo mambo mengine yanayofanana nacho. Kipandauso kwa mfano, kwa watu wengine kinaanza na kuwashwawashwa vidoleni, kinapanda mkononi, kinafika mdomoni na ulimini upande huo huo, taratibu, dakika tano, kumi, ishirini, kama maji yanavyopanda ufukweni, halafu kichwa ndiyo kinaanza kugonga. Sukari ikishuka sana pia huvuruga maneno na kutetemesha mikono. Chako hakikupanda taratibu, kilidondosha tarumbeta. Lakini mimi nimesoma barua, sijakupima, na wa kukupima hawako mbali na Igoma. Watataka kukupima presha, sukari, moyo unavyopiga, na huenda kichwa kwa kipimo cha CT, kile cha kupiga picha ya ndani. Hilo la moyo usilione dogo. Moyo unaopiga bila mpangilio huweza kutengeneza donge la damu likapanda kichwani.

Mambo mawili nakuomba usiyafanye kabla ya kupimwa. Usimeze aspirini kwa sababu jirani alisema inayeyusha damu, maana kiharusi kingine ni cha mshipa kupasuka na kuvuja, na aspirini hapo inaongeza uvujaji. Na usifukue vile vidonge vya presha vya zamani ukameza vitatu kwa pamoja kufidia miezi uliyoacha. Presha ikishushwa kwa kishindo, ubongo nao unakosa damu.

Ikitokea tena, awe mke au mpiga ngoma atakayekuwa karibu: akuambie utabasamu, uinue mikono yote miwili, useme sentensi moja ya kawaida, "leo tunakula ugali na dagaa." Mdomo ukishuka upande mmoja, mkono mmoja ukianguka, au ugali ukawa neno jingine, aangalie saa na mwondoke hapo hapo, kwa gari, siyo wewe kuendesha, siyo nyuma ya bodaboda. Saa inaangaliwa kwa sababu dawa ya kuyeyusha donge, pale inapopatikana, hutolewa ndani ya saa nne na nusu tangu dalili ya kwanza, na daktari atauliza ilianza lini kabla hajauliza jina lako. Msingoje uone kama itapita kama ile ya darajani.

Sasa mdomo. Hapa naweza kupumua kidogo.

Uso una mishipa ya fahamu ya aina mbili inayochanganywa sana na watu. Upo wa kuhisi, ambao ni wa tano kati ya mishipa ya kichwa, una matawi matatu: paji, shavu, na taya la chini. Upo wa kutikisa misuli, huo ni wa saba. Ukipooza wa saba, mdomo unakwenda upande, jicho halifumbi, maji yanamwagika, lakini ngozi ukiigusa inasikia. Ukiumia wa tano, tawi la taya, uso unabaki sawa kwenye kioo, lakini hausikii. Umeniandikia mdomo unakwenda unakotaka ila hausikii, na mstari umechorwa katikati. Hiyo ni picha ya mshipa wa tano, tawi la chini, upande wa kushoto. Mshipa huo unapita ndani ya mfereji katika mfupa wa taya, chini kabisa ya mizizi ya magego, unatokea nje kwa tundu dogo usawa wa magego madogo, unaenda kulisha mdomo wa chini na kidevu. Kwa baadhi ya watu mizizi ya gego la mwisho inaugusa kabisa. Ule umeme ulioruka nao kwenye kiti unaonyesha sindano ilipita karibu sana nao, na uchimbaji wa mizizi unaweza kuubana au kuukwaruza.

Mingi ya mishipa iliyobanwa namna hiyo hurudi, kwa wiki au miezi, siyo kwa siku. Wale sisimizi unaowasikia kidevuni kwa kawaida ni habari njema, mshipa unajaribu kuamka. Wiki sita bado ni mapema kukata tamaa. Lakini ni muda ambao daktari wa meno mwenye uzoefu wa upasuaji wa taya angependa awe ameshakuona, kwa sababu kama kuna kipande cha mzizi kinachokandamiza mfereji, au usaha uliojificha, havitaondolewa na uvumilivu. Na ikifika miezi sita bila badiliko lolote, matumaini yanapungua sana. Ukitaka kujua unakwenda mbele au umesimama, chukua kipande cha pamba, fumba macho, mama watoto akuguse taratibu kutoka mahali panaposikia kwenda pasiposikia, aweke alama kwa kalamu pale unaposema "basi." Pigeni picha kwa simu. Rudieni kila Jumapili. Mstari ukisogea utauona, na daktari naye atazipenda hizo picha. Chai ipoe kwanza kabla hujaionja. Watu wenye mdomo kama wako huungua wasijue.

Wasomaji wengine mtaniwia radhi nitoke kidogo kwa mpuliza tarumbeta, maana najua wako wanaosoma hapa wakijishika midomo. Ganzi usiiulize iko wapi tu, iulize imekuja na nani. Ikija na mkono, mguu, maneno, macho kuona viwiliviwili au kichwa kupasuka ghafla, ni ya dharura, saa hiyo hiyo. Ikija na mdomo kuvimba, vipele vya kuwasha na kifua kubana baada ya chakula au dawa, hiyo ni mzio, nayo ni dharura. Ikija na uso kupinda, jicho na paji la upande mmoja vikagoma, mara nyingi ni ule mshipa wa saba umevimba, na dawa zake hufanya kazi vizuri zikianzwa ndani ya siku tatu, kwa hiyo wiki nzima ya kuchuliwa na mafuta ni wiki iliyopotea. Ikiwashawasha siku moja halafu vikaota vilengelenge, ni kirusi cha homa ya mdomo, kinapita. Malengelenge yakiwa mengi, ya upande mmoja, yenye maumivu ya moto, ni mkanda wa jeshi, na yakikaribia jicho usilale nyumbani. Midomo yote miwili na vidole vyote vikiwashwa kwa pamoja, fikiria hofu na kuhema haraka, au madini ya chokaa kupungua, hasa kwa aliyefanyiwa upasuaji wa rovu. Mwenye sukari ya muda mrefu aseme kwa daktari wake.

Na iko ganzi ninayoiogopa kwa sababu haina kelele: kidevu kilichokufa ganzi bila jino kung'olewa, bila kuumia, bila sababu. Hiyo inaweza kuwa uvimbe ndani ya taya, au saratani iliyotoka mahali pengine ikatua kwenye mfupa. Huku kwetu kando ya ziwa tuna sababu mbili za ziada za kutoipuuza. Selimundu ni nyingi Kanda ya Ziwa, na mwenye selimundu akiwa kwenye maumivu makali anaweza kufa ganzi kidevu kwa sababu damu haipiti vizuri kwenye mfupa wa taya. Na watoto: kuna saratani ya taya ambayo daktari Denis Burkitt aliieleza mwaka 1958 akiwa Uganda, ng'ambo ya ziwa hili hili, na bado inawapata watoto wetu. Taya linavimba haraka, meno yanalegea kabla ya wakati wake. Inakua kwa siku, siyo kwa miaka, na inasikia dawa vizuri ikiwahiwa. Mzazi ukiona hivyo usianze na mng'oa meno, anzia hospitali ya wilaya uombe rufaa.

Nirudi kwako.

Umejenga barua yako juu ya kitu kimoja ambacho sina hakika nacho: kwamba kwenda hospitali ni kumwanika shemeji. Daktari atakuuliza uling'oa jino lini, lipi, kwa sindano ngapi, lilivunjika au la. Hayo anayahitaji. Nani na wapi anaweza kuuliza pia, ili aombe maelezo, lakini mgonjwa anayesema "lilitolewa kwenye kliniki moja, sina karatasi" anatibiwa kama mwingine. Kutibiwa na kushitaki ni milango miwili. Ukiingia wa kwanza hujalazimika kupita wa pili.

Halafu nikuulize jingine. Unajua hakika kwamba shemeji alikosea? Mshipa ule huumia hata mikononi mwa mabingwa, ndiyo maana katika hospitali nyingi mgonjwa wa gego la mwisho huambiwa kabla kwamba mdomo unaweza kubaki na ganzi. Kuumia kwa mshipa peke yake hakumhukumu. Kwa upande mwingine, gego gumu lililong'olewa jioni bila picha na bila kadi, halafu mgonjwa akaambiwa "itaisha" mara ya kwanza na mara ya pili akanyamaziwa, hayo nayo ni maswali ya haki. Ukimya wake unauma kuliko jino, naona. Lakini ukimya una sababu nyingi. Huenda anaogopa kama unavyoogopa wewe. Nimewaona vijana wa kazi hizi wakikwepa mgonjwa kwa aibu, kila wakiona namba yake kwenye simu wanageuza uso, na kumbe usiku hawalali.

Unaweza kumtangulia shemeji. Unamwendea mwenyewe, siyo kwa simu, unamwambia, "Shemeji, nakwenda kuonana na daktari wa taya, naomba uniandikie ulichofanya, sindano gani, mzizi ulibaki au ulitoka wote." Faida yake ni kubwa kwa daktari, na yeye anapata nafasi ya kusimama kama mtaalamu badala ya kujificha kama mkosaji. Hatari yake ni kwamba anaweza kukubembeleza usiende, na wewe ni mtu wa kubembelezeka, umeshasubiri wiki sita. Unaweza pia kwenda kimya, upate matibabu, umwambie baadaye. Ni haraka na hakuna wa kukuzuia, ila Mwanza ni ndogo kuliko inavyoonekana, na akilisikia kwa mtu mwingine atadhani umemzunguka. Njia nyingine ni mama watoto kusimama katikati. Ni kaka yake, anajua mlango wa kuingilia. Lakini fikiria mzigo huo kwake: anachagua kati ya mdomo wa mumewe na mkate wa kakake. Lile neno lake, "hana mwingine zaidi yetu," wewe umelisikia kama onyo. Inawezekana. Inawezekana pia ni mtu anayeogopa, na hajui habari ya darajani. Umemwambia? Kwenye barua hujaandika kwamba umemwambia.

Na mlango wa malalamiko rasmi upo, kwa uongozi wa kliniki au kwa wanaosimamia taaluma hiyo. Sikusukumi uuingie wala sikuzuii. Kuna mgonjwa mwingine atakayelala kwenye kiti kile jioni bila picha, naye ni baba wa mtu. Kuna pia ada ya mwaka mzima ambayo hukuiomba kwa mkopo. Wewe unayeishi ndani ya ukoo huo unajua uzito wa kila upande kuliko mimi, na hili halina haraka. Unaweza kuliamua mwezi ujao, au mwakani.

Mama mkwe usimjibu kwa ukali. Wazee wetu waliona mtu anaamka mzima, jioni uso umekwenda upande, wakasema upepo, kwa sababu ulikuja kama upepo. Neno lenyewe kiharusi wengi bado wanalisikia kama pepo. Anakuhangaikia kwa njia anayoijua. Mwambie, "Mama, nimekusikia, naanza hospitali." Kama baadaye utataka kwenda Magu kwa heshima yake, hilo ni lako na yeye, ila usinywe cha kunywa wala usichanjwe chale kabla hujajua damu yako ina tatizo gani.

Kazi sasa, maana najua ndiyo inayokunyima usingizi. Kupuliza kunakandamiza mdomo kwenye meno, na mdomo usiosikia hauwezi kukuambia "inatosha." Utajikata ndani usijue. Sikuambii uweke tarumbeta chini mpaka lini, hilo atakuambia aliyekupima. Lakini kianzio cha harusi tatu hakirudishwi kwa kujificha. Kiongozi wa bendi akijua leo ana muda wa kutafuta mpulizaji wa kushika nafasi, na wewe unaweza kushika ngoma au kusimamia mambo ya malipo, ukapata japo nusu. Akijua siku ya harusi, hewa ikivuja mbele ya ukumbi, ni hasara ya wote. Waambie pia kwamba siku ile hukunywa. Wanastahili kujua walichokicheka, maana ndio watakaokuwa nawe nyuma ya pikapu kikirudi.

Gharama ni kweli zipo. Anzia kituo cha afya kilicho karibu kama kwenda hospitali ya Sekou Toure au kupanda ya Bugando moja kwa moja ni mzigo, wakupime presha na sukari, wakuandikie rufaa. Ukifika ukaona hali inakushinda, uliza ofisi ya ustawi wa jamii ya hospitali, ndipo wanaposikilizwa wasio na uwezo.

Mama watoto aende nawe. Achukue kalamu, maana utakuwa na wasiwasi na nusu ya maneno utayasahau. Na mkishaketi mbele ya daktari, mwanangu, usianze na jino. Anza na mkono.